Bi Pimbi na Nyama Isiyo na Mfupa

Nifungue mdomo?
Fungua, tumetega masikio.
Niwape ya kweli au ya uongo?
Tupe zote, tutachambua wenyewe.

Basi hapo kale palikuwa na Bi Pimbi, mnyama mdogo asiye na mkia, mkaaji wa majabalini. Pimbi wenzake walikuwa na kazi moja tu, kuota jua. Yeye kazi yake ilikuwa kuchunguza wanyama. Nani anakula nini, nani analala wapi, nani anazaa wangapi, yote aliyatia daftarini. Kisha akayatungia vitabu vya maarifa, vyepesi, hata Kobe aliyejifunza kusoma uzeeni alivielewa. Akichoka na maarifa hutunga riwaya za safari na hatari. Humo pimbi huvuka mito yenye mamba, hupambana na majoka, kisha hurudi nyumbani na jeraha dogo tu la kupendeza.

Kila asubuhi majirani hukusanyika awasomee. Wakati mwingine humkatiza: "Bi Pimbi, hili lilitokea kweli?"

Naye hujibu, "Kwenye kitabu cha maarifa siandiki neno la uongo. Kwenye riwaya siandiki neno la kuchosha."

Ukaja mwaka wa kiangazi kikali. Mito ikakauka, mabwawa yakakauka, ikabaki chemchemi moja katikati ya majabali. Akaja Chui kutoka nchi nyingine, akailalia. Akatangaza sheria yake: "Anayetaka maji alete nyama. Asiye na nyama, yeye ndiye nyama."

Swala akaja na kiu, akawa nyama. Ngiri akaja na kiu, akawa nyama. Chui akala akashiba, akashiba akaendelea kuua. Akatundika mizoga saba juu ya mgunga, ikaoza huko huko, na maji hakumpa mtu. Watoto wa Bi Pimbi wakawa wanalamba umande kwenye mawe. Siku ya tatu umande nao ukakosekana.

Bi Pimbi akachukua daftari lake.

"Unakwenda wapi?" mumewe akamwuliza.

"Kumchunguza Chui. Bado simjui vya kutosha."

"Mke wangu, Chui hachunguzwi. Chui hukimbiwa."

"Hilo nimeshaliandika," akasema Bi Pimbi, akashika njia.

Akateremka, nyata, nyata, nyata. Akajibanza kwenye ufa wa jabali. Akamwona Chui anakunywa, laka, laka, laka. Akaandika. Akamwona Chui anajilamba, lamu, lamu, lamu. Akaandika. Akainua macho, Chui hayupo. Hilo hakuwahi kuliandika, kwa maana kiganja cha Chui kilikuwa kimeshamkandamiza chini, pwaa.

"Wewe kijinyama, unafanya nini kwangu?"

Moyo wa Bi Pimbi ukampiga, ndu, ndu, ndu. Lakini nyayo za pimbi ni laini mno, na pale pale zikahisi kitu. Jabali lilikuwa linatetemeka. Mbali, chini kabisa, dum, dum, dum. Bi Pimbi akakumbuka maandishi yake ya miaka sita: kiangazi kikikolea namna hii, Mama Ndovu huleta ukoo wake kunywa kwenye chemchemi hii. Hawezi kupenya kati ya majabali, kwa hiyo huingiza mkonga kupitia pengo lililo juu ya maji. Chui ni mgeni, hilo halijui. Damu ikamchangamka Bi Pimbi. Chemchemi ingekombolewa leo hii, ilimradi yeye abaki hai kwa kitambo kidogo.

"Naandika habari zako, Bwana Mkubwa," akasema.

Chui akasimamisha masikio. "Umeandikaje? Nisomee."

"Chui hupandisha mtini mzoga mzito kuliko mwili wake."

"Kweli. Endelea."

"Chui hupita juu ya majani makavu, na majani yasijue."

"Kweli. Endelea."

Dum, dum, dum. Sasa ni karibu.

"Chui ameonja nyama zote za nchi hii, isipokuwa moja."

Chui hakusema kweli, wala hakusema endelea. "Ipi hiyo?"

"Iko nyama isiyo na mfupa hata mmoja. Misuli mitupu, mwanzo hadi mwisho. Ni nene kuliko chatu. Haina meno, haina makucha. Hushuka kwenye pengo lile kunywa maji."

"Hayo ni ya riwaya zako."

"Yamo kwenye kitabu cha maarifa, ukurasa wa arobaini."

Chui akameza mate, gubu. "Nani anaila?"

"Sijapata kumwona aliyeila."

"Na wewe habari zake umezipata wapi?"

"Ni ya ukoo wetu," akasema Bi Pimbi, na hilo nalo lilikuwa kweli tupu, maana pimbi na ndovu wana babu mmoja.

Chui akacheka mpaka sharubu zikamcheza. Alikuwa bado anacheka pale pengoni kulipoingia giza, na kutoka juu kikashuka kitu kirefu cha kijivu, kinayumba, kinanusa, fyoo, fyoo. Chui akasahau kicheko. Akamwachia Bi Pimbi, akaruka, akakikumbatia kwa makucha yote, akafungua kinywa ang'ate.

Nje ya majabali Mama Ndovu akapiga kelele, nchi nzima ikaitika. Mkonga ukapanda juu, Chui naye juu. Ukazungushwa, vuu, vuu, vuu, Chui naye akazunguka, anaona mbingu, anaona mawe, anaona mbingu. Kisha akaruka peke yake, akapita juu ya mgunga na mizoga yake, akaangukia kichaka cha miiba, kachaa. Akatoka huko anachechemea, akaelekea alikotoka, wala hakuaga.

Mama Ndovu akapuliza mkonga wake. Ulikuwa na mikwaruzo minne inayovuja damu. "Nani amemwambia huyu kwamba mimi ni nyama?" akauliza, na sauti yake ikateremsha vijiwe.

Bi Pimbi alikuwa amejibanza tena ufani, angeweza kukaa kimya. Akatoka. "Ni mimi, shangazi. Nisamehe. Nilikuwa chini ya kiganja chake, na watoto wangu wana kiu."

Mama Ndovu akamnusa kwa ncha ya mkonga. "Ulisema uongo juu yangu?"

"Hata neno moja, shangazi."

Mama Ndovu akashusha pumzi. "Basi kawaite watoto wanywe. Siku nyingine niite kwanza."

Wanyama wakanywa, gubu, gubu, gubu, mpaka matumbo yakawa ngoma.

Bi Pimbi akaandika vitabu viwili. Cha maarifa kilieleza jinsi mkonga ulivyo. Cha riwaya kilieleza jinsi pimbi mmoja shujaa alivyomshika Chui mkia, akamzungusha, akamtupa. Cha maarifa alikisoma Kobe. Riwaya waliisoma wote, na kiangazi kilichofuata Mama Ndovu mwenyewe aliapa kwamba alikuwepo, na alimwona Bi Pimbi akimtupa Chui kwa mikono yake miwili.

Hapo ndipo nilipotua mzigo wangu.
Umetua salama, tumeupokea.
Funzo je, mmelipata?
Tupe.
Mdogo anyamaze mbele ya mkubwa, asichunguze mambo ya watu, na kuandika vitabu ni kupoteza wakati. Asiyeridhika na funzo hilo akamwulize Chui.