Ukumbi wa Bwana Kilindo

Bwana Kilindo aliuonea huruma uwanja wa wazi wa Mikoroshini, ambako wakazi walianika nguo na kutandika mikeka ya misiba. Akaujengea ukumbi wa harusi bila kibali. Wakazi walimshtaki kwenye baraza la ardhi, wakamtuma Bi Zamzam, fundi cherehani, awasemee. Kilindo alikuja na wakili.

"Kwa nini umejenga kwenye uwanja wa watu wote?" mwenyekiti aliuliza.

"Nimewajengea wakazi," Kilindo alijibu, kama alivyofundishwa. "Mimi sina faida yoyote pale."

Bi Zamzam aliinuka taratibu. "Bwana Kilindo, tusije tukakusingizia. Umewajengea wakazi wote, hata sisi wapangaji?"

"Wote, mama."

"Hata asiye na cha kulipa?"

Wakili alimvuta Kilindo koti, lakini watu walishaanza kupiga makofi, naye aliyapenda makofi. "Hata yeye."

"Mwenyekiti, umeandika?"

"Nimeandika."

"Basi hatuombi tena ukumbi ubomolewe," Bi Zamzam alisema. "Tunaomba funguo."

Mwenyekiti akaamuru hivyo. Jumamosi iliyofuata, wa kwanza kuolewa humo alikuwa binti wa mlinzi wa Kilindo.