Shairi la Blodwen na Kiti cha Mwaloni

Hapo zamani, si ile zamani ya majitu na mazimwi, bali hii ya juzijuzi ambayo bibi zetu waliishi wakiwa na meno yote kinywani, palikuwa na bonde moja katika nchi ya Welisi. Bonde lenyewe lilikuwa na mvua, mawe, kanisa, posta, na kondoo wengi kuliko watu. Na kila mtu bondeni alikuwa malenga. Msicheke! Muuza mikate alitunga, mchimba makaburi alitunga, daktari wa mifugo alitunga huku mkono mmoja ukiwa ndani ya ng'ombe.

Kila mtu, isipokuwa Luned.

Kule bondeni mtu huitwa kwa kazi yake, basi mwanamke huyu aliitwa Luned wa Posta. Kazi yake ilikuwa kuuza stempu. Lakini kazi yake hasa, ile iliyomchosha, ilikuwa kubeba maneno ya wengine. Serikali iliandika kwa Kiingereza, na wazee wa bonde walijua Kiwelisi tu. Barua ikija, Luned huisoma na kuigeuza. Jibu likitoka, Luned huligeuza na kulituma. Aliwaomba radhi watu asiowakosea. Aliwaposea wachumba wanaume wawili, na wote wawili wakakubaliwa! Maneno yakaenda, Luned akabaki. Mwaka baada ya mwaka, miaka ishirini na miwili, maneno yakaenda, Luned akabaki.

Sasa, bonde lilikuwa na tamasha la mashairi kila kiangazi, na zawadi yake haikuwa kombe wala medali. Zawadi ilikuwa kiti. Kiti kikubwa cha mwaloni, kimechongwa mpaka miguuni, kimoja tu kwa mwaka. Malenga aliyeshinda hukaliwa, jamani, hapana, hukaa yeye juu ya kiti, watu wakisimama! Kisha hukipeleka nyumbani, na tangu siku hiyo hakuna wa kumwambia sogea.

Luned alikitamani kiti kile mpaka akakionea haya. Kila mwaka aligawa chai nyuma ya ukumbi, na kila mwaka alijisemea moyoni: mara moja tu, Mungu wangu, waniite mimi, nami nikae.

Basi siku moja ya mvua, na siku zote kule ni za mvua ila hii ilitia fora, Idwal wa Kondoo aliingia posta akitiririka kama nguo iliyotoka beseni.

"Luned dada yangu, nimemalizika," alisema. "Siku ya tatu hii niko mlimani. Blodwen amepanda juu ya jabali, hataki kushuka. Nimemwita, nimembembeleza, nimemtukana, nimemwomba radhi. Ananitazama tu!"

Blodwen alikuwa kondoo wake jike, mwenye sikio moja jeusi.

"Pole, Idwal. Sasa utafanyaje?"

"Nimemtungia shairi."

"Enhe, lilete tulisikie."

Idwal akatoa karatasi iliyolowa, akakohoa, akasoma:

*Wewe uliye juu, mimi niliye chini,
mvua inanipiga, nawe wanitazama.
Nimekuita malkia, nimekuita jiwe...*

Hapo simu ya posta ikalia. Luned akaikimbilia, na mshororo wa nne ukampita. Aliporudi, Idwal alikwisha kuifinyanga karatasi ndani ya ngumi.

"Limeharibika," alisema. "Linachechemea."

Nanyi mnaelewa. Sisi tuna vina na mizani, tunajua mtu anavyoweza kukosa hamu ya kula kwa ajili ya mizani moja. Wawelisi wana balaa zaidi. Sauti za nusu ya kwanza ya mshororo sharti zirudi katika nusu ya pili, kwa mpangilio uleule, kama askari wanaopita mara mbili mbele ya mkubwa wao. Na askari wa Idwal walikuwa walevi, wote. Akalitupa shairi ndani ya jiko la makaa.

"Si kitu hiki," alisema. "Nipe stempu."

Akaenda zake. Kesho yake Blodwen akashuka mwenyewe, kwa raha zake, na mambo yangeishia hapo.

Lakini mchana uleule Idwal alipotoka posta, mvua ileile ilimleta mama mmoja wa Kiingereza aliyekuwa akitembea kujionea milima. Akakaa posta kungoja mvua ipungue, akaona makaa, akanywa chai, akasema, "Bibi, hebu niandikie kitu cha huku. Kitu cha kwenu hasa."

Luned akachukua fomu ya telegramu, akaigeuza nyuma. Shairi la Idwal lilikuwa bado linamvuma masikioni. Akaanza kuliandika kwa Kiingereza, mshororo wa kwanza, wa pili, kalamu inakwenda yenyewe. Lakini kondoo? Mwingereza akisikia mahaba ya namna hii kwa kondoo atacheka mpaka apaliwe! Luned akakata shauri papo hapo. Akamgeuza Blodwen kuwa mwanamke.

Akaandika wa tatu. Akafika wa nne, na wa nne hakuusikia.

Kalamu ikasimama. Mama Mwingereza alikuwa anachungulia dirishani, mvua inakatika. Luned akafikiri juu ya huyo mwanamke aliye juu ya jabali, anayetazama tu. Kwani yeye hasemi? Hana lake? Ghafla mkono ukaandika, kwa mara ya kwanza katika miaka ishirini na miwili, maneno ambayo hakutumwa na mtu:

*Niite mara moja kwa jina langu, nitashuka mlima mzima.*

Akashtuka, akatazama huku na huku kama mwizi wa sukari. Kisha, kwa kuogopa kumwaibisha Idwal, na kwa kuogopa zaidi kujiaibisha mwenyewe, akaandika chini: Shairi la kale la Kiwelisi, mtunzi hajulikani.

Maneno yakaenda, Luned akabaki.

Na yakaenda kweli! Mama yule akalipeleka gazetini. Gazeti likalichapa. Likaingia kwenye kadi za arusi, likasomwa mazishini, likapigwa chapa kwenye vitambaa vya kufutia vyombo. Siku moja furushi la vitambaa hivyo likafika posta ya bondeni, na Luned akavipanga dirishani, akawauzia wageni shairi lake huku uso umemwiva.

Kitambaa kimoja kilifika nyumbani kwa kapera mmoja kule Uingereza, mwalimu wa hesabu, jina lake Osbert. Alikuwa anafuta sahani. Akasoma kitambaa. Sahani ikamponyoka, ikavunjika, wala hakuokota vipande.

"Kama kwa Kiingereza liko hivi," alijisemea, "huko lilikotoka likoje?"

Akaacha kazi, akanunua kamusi, akahamia bondeni. Watu wakamwita Osbert wa Kamusi. Alijifunza Kiwelisi kwa kuwahutubia kondoo, kwa sababu kondoo hawacheki. Alipanda kila mlima kulitafuta jabali la yule mwanamke. Na kila Jumatatu, bila kukosa, alifika posta, akavua kofia.

"Bibi Luned, umewahi kulisikia kwa Kiwelisi lile shairi la kale la mwanamke aliye juu ya mlima?"

Na kila Jumatatu Luned alijifanya hamnazo. "Hapana, Bwana Osbert. Stempu ngapi?"

Mwaka wa kwanza, hapana. Mwaka wa pili, hapana. Mwaka wa saba Osbert akachoka kuuliza. "Basi limepotea," alisema kwa uchungu. "Lakini kilichopotea si kinaweza kurudishwa nyumbani?" Akakaa, akaligeuza shairi kutoka Kiingereza kuwa Kiwelisi, kwa sheria zote, kila sauti inarudi mahali pake. Mshororo wa nne peke yake ulimla miezi kumi na mmoja. Akalipeleka tamashani, kwa imani kwamba shairi la kale halina mwenyewe. Alieleza hayo kwenye barua, lakini barua ya mshindani hufungwa kwa lakiri mpaka mwisho, na waamuzi huona shairi na lakabu tu.

Siku ya tamasha ukumbi ulijaa pomoni. Idwal alikaa katikati. Osbert alikaa mbele, kamusi mapajani. Luned alikuwa nyuma na trei ya vikombe kumi na viwili. Mwamuzi, Mchungaji Elis, akapanda jukwaani.

"Ndugu zangu," alisema, "mishororo mitatu ya shairi hili ni mizuri. Lakini wa nne! Mimi nimezika watu miaka hamsini kwa macho makavu. Mshororo huu umenitoa nje nikazungumze na ukuta."

Akalisoma kwa Kiwelisi. Luned akasikia maneno yake yanarudi katika lugha yake mwenyewe, yamevaa muziki ambao yeye asingeuweza hata angeishi mara mbili. Alitaka kucheka, alitaka kulia, alitaka kukimbia mpaka baharini.

"Mtunzi mwenye lakabu ya Aliye Chini," Mchungaji alitangaza, "tarumbeta ikilia, asimame. Yeye, na yeye peke yake!"

Tarumbeta ikalia. Osbert akasimama.

Idwal naye akasimama. "Huyo ni Blodwen wangu!"

Luned hakuhitaji kusimama, alikuwa amesimama tangu asubuhi. Basi akapanda juu ya benchi, trei na vyote, na vikombe kumi na viwili vikaenda chini kwa kishindo kilichoishinda tarumbeta.

Mchungaji Elis akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Walikuwa bado watatu.

"Njooni huku," alisema kinyonge. "Semeni, mmojammoja."

Idwal akaanza. "Bila mimi hakuna shairi! Ndiyo, nililitupa motoni pale posta, lakini nani aliyelowa siku tatu? Nani aliyeita? Mlima ni wangu, mvua iliyonipiga ni yangu, na kondoo ni wangu!"

Osbert akageuka polepole. "Kondoo?"

"Kondoo."

"Yule mwanamke... ni kondoo?"

"Ana sikio moja jeusi," Idwal alisema kwa fahari.

Ukumbi ukaangua kicheko hadi mbwa walio nje wakaitikia. Osbert akaketi chini jukwaani, akashika kichwa. Mabega yakaanza kutikisika, watu wakadhani analia. Kumbe anacheka, anacheka kuliko wote! Alipopata pumzi akainuka.

"Sawa, awe kondoo. Lakini bila mimi hakuna shairi! Idwal alilitia motoni, mimi nikalitoa. Kila neno la Kiwelisi mlilolisikia leo, na lililowatoa machozi, nimelitafuta mimi kwa miaka saba. Mnisamehe, lakini mnatunuku shairi lipi, hili mlilolisikia au lile lililokuwa majivu?"

Watu wakaguna. Zamu ya Luned ikafika. Akajikaza.

"Bila mimi hakuna shairi," alisema. "Idwal alilitupa, Osbert angelijulia wapi? Na ule mshororo wa nne haukuwa wa kale, wala haukuwa wa Idwal. Mimi sikuusikia wake. Nikaandika wangu."

"Hebu ngoja," alidakia Mchungaji. "Idwal, wako ulisemaje?"

Idwal akakuna kichwa muda mrefu. "Nadhani ulisema: Shuka, nimekuletea shayiri."

Kicheko kingine! Lakini mchimba makaburi akapaza sauti, "Ndiyo, lakini hiyo ndiyo ilikuwa kweli!" na wengi wakaafiki.

Osbert hakucheka safari hii. "Kila Jumatatu nilikuuliza, Bibi Luned. Miaka saba."

"Niliogopa. Nimesema maneno ya bonde zima, Bwana Osbert. Yale tu ndiyo yangu. Nilihofia nikiyadai mtaniambia kazi yangu ni stempu."

Ukumbi ukawaka moto. "Luned aliiba!" alifoka muuza mikate. "Osbert katafsiri tu!" alisema daktari wa mifugo. "Na kutafsiri hivyo si kutunga?" alijibiwa. "Mwenye shairi ni aliyelia kwanza!" "Mwenye shairi ni aliyetutoa machozi sisi!" Mmoja akapendekeza wakate kiti mapande matatu, na seremala aliyekichonga akakikumbatia kiti chake akagoma kukiachia. Mchungaji akafungua kitabu cha sheria. Kiliandikwa: Kiti hupewa aliyelitunga shairi. Akafunua ukurasa wa pili. Ulikuwa mtupu.

Desturi yao ni kwamba upanga mkubwa huchomolewa nusu, mwamuzi huuliza mara tatu kama kuna amani, watu huitikia amani, upanga hurudi kwenye ala, na malenga hukaa. Mchungaji akachomoa nusu.

"Je, kuna amani?"

Kimya.

"Je, kuna amani?"

Mtu mmoja akapiga chafya.

Upanga ulikuwa unamwelemea mzee, maana ni mzito na yeye ana miaka themanini. Idwal amekunja mikono kifuani. Osbert amekumbatia kamusi. Luned amefika karibu na kiti kuliko alivyowahi kufika maishani, goti linagusa mwaloni. Mchungaji akafungua kinywa kuuliza mara ya tatu, akatazama watu, watu wakatazama chini.

Sasa msinitazame mimi. Kwangu tumeligombania hili mpaka ugali ukapoa, na mume wangu, mtu mpole, akahamia kibarazani na sahani yake. Semeni nyinyi, upesi, kabla mzee hajauangusha huo upanga: aliyeita, aliyeitika, au aliyelirudisha nyumbani, nani akae?