Shikamoo ya Pimbi

Paukwa.
Pakawa.
Pakawa vidole.
Vikabonyeza.
Vikabonyeza wapi?
Bandani kwa Mama Nungunungu.

Basi, banda hilo lilikuwa na gemu ya kupigana ya kwenye kioo cha televisheni na sheria moja: anayeshindwa anampisha mwenzake. Kiboko hakushindwa, kwa hiyo hakumpisha mtu. Alikalia benchi zima, pedi ya kuchezea mkononi, asubuhi hadi jioni. Alikuwa na pigo lake, Jua Saba. Anabana vitufe viwili, anahesabu mpaka saba, mtu wake kwenye kioo anawaka nywele, kisha vuuu, umekwisha.

Siku hiyo akatangaza kwamba wadogo wamemchosha. Atacheza na mmoja wa mwisho, na akimshinda, wadogo wote wasikanyage tena pale.

Akasimama Pimbi, kimo cha birika, kifua mbele. Wenzake wakataka kumvuta mkia wamzuie, mkia hana. Akaenda.

Raundi ya kwanza. Kiboko akabana. Moja, mbili, tatu...

"Shikamoo, Mzee Kiboko," akasema Pimbi, akainamisha kichwa.

Sasa Kiboko, ukimwamkia, lazima akuwekee mkono kichwani. Ndivyo alivyolelewa.

"Marahaba," akasema, mkono ukaenda kichwani. Kitufe kikaachiwa, moto ukazimika, fyuu. Pimbi akamchapa: pu, pu, pu. Chini.

Raundi ya pili, Kiboko akaapa haitikii mtu. Akabana. Moja, mbili, tatu, nne...

"Shikamoo, Mzee Kiboko."

Kiboko akazidi kubana. Tano...

Pimbi akawageukia watazamaji, taratibu kabisa. "Haitikii. Kumbe ni rika letu."

Banda zima likaangua kicheko. Sita...

"Marahaba," Kiboko akanguruma, mikono yote miwili juu ya kichwa cha Pimbi. "Rika la nani?"

Fyuu.

Lakini chini ya mikono ile, vidole vya Pimbi havikuinuka. Alikuwa amebana vitufe vyake tangu moja. Akalitaja pigo lake kwa sauti, kama wanavyotaja mabingwa wa kwenye kioo: "Heshima Kwa Wakubwa."

Vuuu.

Kiboko akainuka, benchi likapumua. Pimbi akakaa katikati, miguu haigusi chini, wadogo wakabanana kulia na kushoto. Kesho yake Kiboko akarudi, akapanga foleni kama wengine. Zamu yake ilipofika akainama.

"Shikamoo, Mzee Pimbi."

"Nimesikia," akasema Pimbi, vidole kwenye pedi.

Funzo lake, wanangu: ukiamkiwa, itika upesi. Heshima haijawahi kumwangusha mtu.

Ngano nimeizima, pedi nimeiweka chini. Anayetaka kuiokota, aniamkie kwanza.