Mzee wa Supu

Enzi zile jijini Munich, watu walijipanga kama siafu nje ya majumba ya sinema hata mvua ikinyesha. Mwigizaji Ottokar Wiesbrink aliishi humo na mkewe Hedwig. Alikuwa na uso mpana kama sinia na masikio yaliyosimama kama vishikio vya kikombe. Hakuwahi kuwa shujaa wa filamu hata moja. Leo alikuwa tarishi, kesho kasisi mlevi, keshokutwa maiti. Aliingia, akakaa kitambo cha kumaliza soseji moja, kisha akatoka akiwaacha watazamaji wameshika mbavu.

"Mume gani huyu!" Hedwig alimtania. "Kila mwezi unakufa, unafufuka, na vyombo bado naosha mimi!"

Mwaka mmoja alipewa nafasi katika filamu ya vichekesho kuhusu hoteli ya milimani. Shujaa alikuwa Falk Reinacher, kijana mtanashati aliyevimba kichwa kwa sifa. Ottokar alikuwa mhudumu wa kumletea supu. Kila alipolitua bakuli mezani kwa mikono inayotetemeka, wapiga picha walicheka hadi machozi. Kijicho kikamwingia Falk.

"Mtoeni huyu mzee," alimwambia mwongozaji, Bwana Kesselbach. "Watu wanalipa kuniona mimi, siyo masikio yake!"

"Falk, bila yeye filamu haina chumvi."

"Basi chagua. Yeye au mimi."

Kesselbach alinywea. Sehemu zote za Ottokar zikakatwa. Mzee akavua aproni, akaikunja vizuri, akaondoka. Nyumbani alimwambia Hedwig kwamba uigizaji sasa basi. Wiki iliyofuata alipata kazi ya ubawabu katika hoteli iliyo karibu na stesheni.

Filamu ilionyeshwa kwanza mjini Augsburg, kwa majaribio. Falk aliketi nyuma ya ukumbi akitega sikio. Mizaha yake ikawa kama kuni mbichi: moshi tele, moto hakuna. Watu walipiga miayo. Mlangoni, bibi mmoja alimkabili Kesselbach.

"Kwenye picha mlizobandika hapa nje yumo mzee wa supu. Humu ndani mmemficha wapi? Mimi nilimfuata yeye!"

Kesselbach alimgeukia Falk, uso umemwiva. "Umesikia? Uliyemfukuza ni wewe. Kamlete wewe."

Kesho yake asubuhi Falk alirudi Munich, akaelekezwa na Hedwig hadi kwenye ile hoteli ya karibu na stesheni. Alipouona umati mlangoni alitengeneza tai, akidhani wamemjia yeye. Kumbe wamemzunguka bawabu.

"We si yule kasisi mlevi?" mwanamke mmoja alimwuliza.

"Ndiye, mama. Ila leo sijaonja hata tone, ndiyo maana sanduku lako naliona moja tu!"

Umati ukaangua kicheko. Falk alijipenyeza, akavua kofia.

"Mzee wangu, nimekukosea. Nilitaka nionekane peke yangu, nikaonekana bure. Nisamehe, urudi."

Ottokar alimtazama juu hadi chini. "Pamoja na masikio yangu?"

"Hayo yatangulie, mzee, wewe ufuate!"

Ottokar alicheka hadi kofia ya ubawabu ikamdondoka.

Walizipiga picha upya sehemu zote za Ottokar. Safari hii Falk mwenyewe aliomba supu immwagikie kifuani, na Ottokar hakumhurumia hata kidogo. Filamu ilipozinduliwa Munich, viti vilitikisika kwa vicheko. Mwishoni watu walimwita Falk jukwaani. Alikataa kupanda mpaka alipomshika Ottokar mkono, wakapanda bega kwa bega. Shangwe zililipuka, na Hedwig akasimama juu ya kiti chake akipiga mbinja kama mchunga mbuzi.

Tangu siku hiyo, Falk alipoletewa filamu mpya aliuliza kwanza ni nani watakaosimama kando yake. Hakuhitaji kukumbushwa na mtu, kwani yalikuwa yamemfika mwenyewe: figa moja haliinjiki chungu.