Swali la Mama Fancy

Alfajiri ukungu hushuka Kimulot kutoka msituni, ukalala juu ya majani ya chai kama blanketi lililolowa. Asubuhi moja, katika ukungu huo, Fancy, binti wa pekee wa Chepkorir, alitumwa kupeleka maziwa kwenye kituo cha kuyakusanyia. Hakurudi. Jioni alikutwa kati ya mistari ya chai ya kwao, amenyongwa kwa sweta yake mwenyewe.

"Ni hawa wachumaji wa kutoka mbali," watu walisema. Wakawafukuza vibarua wote wageni, kisha wakalala usingizi wa pono. Chepkorir hakulala. Kila siku ya soko, aliposhuka Mogogosiek, alipitia polisi.

"Mama Fancy, umerudi tena?" askari alimtania. "Tukuwekee kitanda?"

"Weka. Lakini nyinyi msilale."

Miaka ikayoyoma. Mumewe, Kipkorir, akachoka. "Ng'ombe wanalia, chai imekomaa, na wewe unazunguka tu kama tiara. Mwachie Mungu, mama."

Wanawake wa kikundi, ambao huchumiana chai kwa zamu, walianza kuliruka shamba lake, maana kila mstari aliwauliza swali lile lile: "Asubuhi ile, hukuona mtu?" Akabaki kuchuma peke yake, kikapu mgongoni, akiongea na mvua.

Kisha Noah, mtoto wa jirani yake Edinah, akafa kwa nimonia. Chepkorir alikwenda matangani. Mlangoni Weldon, shemeji yake Edinah, alikuwa akigawa chai. Akampa kikombe, naye akaingia nacho ndani.

"Shukuru, una wengine," wanawake walikuwa wakimwambia Edinah.

Chepkorir hakusema hivyo. Aliketi karibu naye, akauliza, "Noah alikuwa anapenda kula nini?"

Edinah akainua uso. "Ukoko wa ugali. Alikuwa anaugombania na paka." Akacheka, na kicheko kikageuka kilio. "Na Fancy je?"

"Viazi vya kuchomwa jivuni. Anakula na maganda yake, mdomo mweusi kama sufuria." Tangu binti azikwe, hakuna aliyewahi kumuuliza.

Wanawake wengine walipotoka kwenda kupika, Edinah alimshika mkono. "Mama Fancy, nisamehe. Asubuhi ile nilimwona mtu akitoka kwa chai yenu, mikono imekwaruzwa. Mama mkwe akaniambia mambo ya nyumba hayatoki nje. Nikafikiri utalia mwaka mmoja, halafu utasahau."

"Ulimwona nani?"

"Huyo amekupatia chai."

Chepkorir alikiweka kikombe sakafuni taratibu, kama mtu anayelaza mtoto mchanga. "Utayasema haya polisi?"

"Tumzike Noah kwanza."

Baada ya mazishi walishuka pamoja. Safari hii askari hakutania, aliandika. Weldon alikamatwa jioni hiyo, akakiri hata kabla ya kufika kituoni. Wakwe wakamtupia Edinah nguo zake barabarani, naye Chepkorir akampokea pamoja na watoto wake.

Siku hizi wawili hao huchuma mstari mmoja. Wapitao njiani hawawasalimu, na wao hawaiti mtu.

"Mimi nilikuwa nakuona una wazimu," Edinah alisema siku moja.

"Ulikuwa hujui."

"Na sasa najua."

Chepkorir alisogea kidogo, akamwachia mwenzake kichaka chenye majani mengi. Adhabu ya kaburi aijuaye ni maiti.