Kititia cha Paa la Kangero

"Kititia hakizungushwi kwa kidole." Maneno hayo aliyasema mpishi wa harusi, akimkanya mwanamke mmoja aliyekuwa akimbana bwana arusi acheke mbele ya wageni. Vijana waliokuwa wakimenya ndizi wakaangua kicheko, kisha wakamgeukia Babu Senkondo aliyekuwa akimenya nao: kititia gani hicho, na kidole cha nani? Babu akaweka kisu chini. Methali hii, akasema, ilianza hivi, tena ilianzia hapa hapa Kirunga, kabla barabara haijapanda mlimani.

Kwingineko watoto husuka vititia vya ukuti wakakimbia navyo uwanjani, upepo ukavizungusha. Kirunga alikuwapo fundi aliyeitwa Kangero, ambaye vititia vyake vilikaa juu ya mapaa. Mabawa aliyakata kwa bati la debe, na vinyago akavichonga kwa mti wa mringaringa. Upepo ukivuma mabawa yalizunguka, na vinyago vikafanya kazi. Kwa mfinyanzi, kijimwanamke kilisugua chungu. Kwa mrina asali, kijitu kilipunga mikono kikikimbizwa na nyuki wa bati, na mgeni asingepita pale bila kucheka. Kila kititia kilikuwa na mkia wa kukigeuza kiukabili upepo, hivyo watu walijua mvua inakotoka kabla ya kuona wingu, wakaanua mahindi yao mapema.

Paa moja tu halikuwa na kitu, nalo ni la Kangero mwenyewe. Mkewe alikuwa amefariki akamwachia binti, Namkunda, na tangu hapo Kangero alichonga kwa ajili ya wengine tu. Ndipo akamwoa Nakiete, mwanamke wa ng'ambo ya bonde.

Nakiete alikuja na moyo mweupe. Namkunda naye hakuwa mkorofi. Akitumwa maji alikwenda, akipewa chakula alishukuru. Ila neno "mama" halikumtoka kinywani. Akitaka kumwita, alikuja mpaka mbele yake akasimama, akasema, "Baba anauliza nyundo."

Jambo hilo lilimkera Shangazi Naetwe, dada yake Kangero, kuliko mtu yeyote. Kila alipokuja alimshika mtoto mabega. "Huyu ni mama yako. Haya, mwite nisikie!" Namkunda akatazama vidole vyake vya miguu.

Nakiete naye alijaribu kwa njia yake. Siku moja alimtungia mtoto ushanga mwekundu, akamvisha shingoni, akauliza kwa sauti ya kubembeleza, "Sasa utaniitaje?" Namkunda alisita. Kisha akauvua ule ushanga taratibu, akauweka mapajani mwa Nakiete, akaondoka. Jioni ile Nakiete alisonga ugali huku machozi yakimtiririka, akisingizia moshi.

Kangero aliona. Kesho yake alianza kuchonga. Alichonga mwanamke anayetwanga, na kando yake msichana anayepepeta. Kazi ilipokwisha alikisimamisha kititia kwenye mlingoti mfupi uani, watu wakitazame kwanza kabla hakijapandishwa, akaalika ndugu na majirani. Togwa ikanywewa. Watu wakangoja upepo.

Upepo haukuja. Kirunga yote, isiyokosa upepo, siku hiyo ilitulia kama maji mtungini. Wageni wakaanza kupiga miayo. Shangazi Naetwe akashindwa kuvumilia. Akakiendea kititia, akatia kidole kwenye bawa, akasukuma kwa nguvu.

"Haya, kinazunguka! Namkunda, mwambie mama yako ahsante! Sema ahsante mama!"

Bawa likajipinda, likaukwamisha mchi. Kile kijimwanamke kikabaki mkono juu, hakitwangi wala hakipumziki. Namkunda akakimbilia ndani. Shangazi akanyonya kidole, maana bati lilikuwa limemkata.

"Kaka, kitu chako kibovu," akasema.

"Si kibovu, dada," Kangero akajibu kwa upole. "Kititia hakizungushwi kwa kidole. Mimi nakitengeneza, nakipaka mafuta, nakiweka mahali pa wazi. Yaliyobaki si yangu."

Watu walimcheka Shangazi, wakatawanyika. Nakiete hakucheka. Alisimama pale na kata ya togwa mkononi, akiukumbuka ule ushanga mwekundu.

Aliingia ndani, akaketi sakafuni karibu na mtoto.

"Mimi naitwa Nakiete," akasema. "Ukitaka kuniita, niite hivyo. Sitakuuliza tena."

Namkunda akamtazama kuhakikisha si mtego. "Nakiete," akanong'ona. Kisha akacheka, kwa kuwa ilikuwa ajabu kumwita mtu mzima jina lake.

Majirani walishika vichwa. Mtoto anamwita mke wa baba yake kama mwenzake wa kisimani! Nakiete alivumilia maneno yao. Wawili hao wakaenda kuni pamoja, wakapalilia pamoja, na Namkunda akamwonyesha jinsi ya kukamua mbarika kupata mafuta ya kulainisha vititia. Kangero alinyoosha bawa, akakipandisha kititia juu ya paa.

Masika yakapita, kititia kikaanza kulia kwi, kwi, kwi. Kangero alikuwa safarini kutafuta madebe, kwa hiyo Nakiete alijifunga kanga kiunoni, akapanda ngazi na kibuyu cha mafuta. Shangazi Naetwe alikuwa uani akichambua maharage. Nakiete alipofika juu na kutia mafuta kwenye mhimili, upepo ukateremka kutoka kileleni bila hodi. Mabawa yakafyatuka, yakaunasa upindo wa kanga yake na kuanza kuuvuta.

"Mama!" Sauti ilipasua ua. "Mama, iachie kanga! Mama, utaanguka!"

Namkunda alikuwa amekwisha kushika ngazi kwa mikono miwili, akiizuia kwa uzito wake wote. Nakiete akafungua fundo, kanga ikaenda na mabawa, ikizunguka juu ya paa kama bendera. Akashuka na gauni lake tu, akicheka. Namkunda akamkumbatia kiuno, akakataa kumwachia.

Shangazi Naetwe akaruka, maharage yakamwagika. "Amesema! Mmesikia? Amesema ma—"

"Wifi," Nakiete akamkata, "kidole!"

Shangazi akauangalia mkono wake, akauficha nyuma ya mgongo, akaziba mdomo kwa ule mwingine. Lakini mabega yake yalitikisika kwa kicheko.

Basi tangu siku ile, Babu Senkondo akawaambia vijana, mtu wa Kirunga akimwona mwenzake anasukuma moyo wa mtu upende, ucheke au ushukuru kabla ya wakati wake, humwambia: paka mafuta, weka mahali pa wazi, ngoja. Kititia hakizungushwi kwa kidole.