Nani Atamtoa Kiboko Jikoni kwa Pimbi?

Zamani hizo, wanangu, wanyama walipokuwa na majiko na milango kama sisi, Pimbi alitoka asubuhi kwenda kukata kuni. Matanga ya mkewe, Nyamizi, yalikuwa yameanuliwa jana yake, naye alitaka kuwasha moto tena. Hilo ndilo jambo la mwisho la kawaida alilolifanya. Aliporudi alimkuta Kiboko amelala jikoni, tumbo limeyafunika mafiga matatu ya Nyamizi.

Mzigo wa kuni ukamponyoka: puu.

"Bwana Kiboko, hapa ni kwangu."

"Palikuwa kwako," Kiboko akajibu bila kufumbua macho. "Siku zote hizi sijaona moshi. Nyumba isiyopikwa ina mwenyewe?"

"Tulikuwa na msiba. Majirani ndio waliotupikia."

"Basi kalale kwa majirani."

Pimbi akatoka kwenda kuwaita majirani.

Majirani walipoingilia kati, wote wawili wakakubali Mzee Kobe awaamue, wakaapa hadharani kwamba atakalosema ndilo. Kobe akawasikiliza, akaamua: nyumba ni ya Pimbi, Kiboko atoke.

Kiboko akapiga miayo. "Nimesikia. Sasa nani atanitoa? Wewe, mzee?" Akageukia upande wa pili, pwaa, ukuta ukatikisika.

Kobe akainamisha kichwa. "Mimi huamua tu, mwanangu. Kumtoa mtu ni kazi ya baraza."

Pimbi akaenda kwenye baraza la Simba, mtawala wa nchi kavu. Kiboko akaitwa.

"Mimi mtu wa majini, mheshimiwa," akasema. "Mchana kutwa nimo mtoni."

"Basi huyo ni wa Mamba," Simba akamwambia Pimbi. "Tulikubaliana, kila mmoja atekeleze maamuzi kwa watu wake."

Wakaenda kwa Mamba, mtawala wa mto.

"Mimi nakula majani bondeni, mheshimiwa," Kiboko akasema. "Samaki hata mmoja sijamwonja."

"Basi huyo ni wa Simba," akasema Mamba.

Pimbi akaketi ukingoni, ameduwaa. Alikuwa ameshinda, na kila mtu alijua ameshinda. Hata hivyo mafiga ya mkewe yalikuwa bado chini ya tumbo la mwingine.

Baadaye akaenda kwa Kiboko, kwa sauti ya unyonge. "Kaka, nimekubali. Lakini utakaaje bila karamu ya kuingia nyumba? Watasema umejibanza tu."

Kiboko akafumbua jicho moja. "Chakula kipo?"

"Matikiti, kaka, mpaka mlangoni. Wageni niachie mimi."

Siku ya karamu, Simba alikaa kulia na Mamba kushoto. Na desturi yao ilikuwa hivi: hakuna anayegusa chakula mpaka mwenye nyumba asimame kizingitini ataje yuko chini ya baraza gani.

Kiboko akamtazama Simba. Akamtazama Mamba. Akayatazama matikiti, mate yakadondoka, to, to, to.

"Sema tule, bwana," Mamba akamwambia. "Au huna kwenu?"

Wageni wakacheka.

"Nani hana kwao?" Kiboko akafura. "Hapa ndipo kwangu. Mimi ni wa nchi kavu, wa baraza la Simba. Leteni matikiti."

Mamba akabaki mdomo wazi, na mdomo wa Mamba mnaujua.

"Kumbe ni wangu," Simba akasema polepole. "Mzee Kobe, uliamuaje?"

"Nyumba ni ya Pimbi. Kiboko atoke."

"Toka."

"Mimi... nilimaanisha wa majini."

"Tumekusikia sote," akasema Mamba. "Na ungenitaja mimi, ningekutoa mimi."

Kiboko akamgeukia Pimbi. "Umenitega, kijitu wewe."

"Nilikuandalia karamu tu, kaka. Kwenu umekutaja mwenyewe."

Simba akasimama. Kiboko akatoka mbio, didididi, fremu ya mlango ikiwa shingoni.

Uamuzi wa haki, wanangu, haujamaliza kazi mpaka apatikane mwenye mamlaka ya kuutekeleza.

Wageni walipoondoka, Pimbi aliona figa moja limepasuka. Kesho yake asubuhi akaliunga kwa udongo, akawasha moto, akapika uji. Akamimina vikombe viwili, kwa mazoea. Akavitazama, kisha akaurudisha uji wa kimoja chunguni.